Rangi Niliyoipaka Ili Ibanduke

Mlikuja kwangu juzi, nyinyi wawili mnaochora vibao vya maduka pale sokoni Kasongo, mkaniuliza kwa nini rangi ya duka la muuza vitambaa imebanduka kabla mvua za kwanza hazijakwisha. Niliwafukuza. Sikuwa na hasira na nyinyi. Swali lenu lilinigusa mahali pabaya, na mzee akiguswa mahali pabaya hukimbilia fimbo. Leo kaeni, nitawajibu, ila mtavumilia maneno mengi.

Kwanza jibu fupi, msije mkasema Saidi ni mchoyo. Mlipaka juu ya mafuta. Kabla ya duka, ukuta ule ulikuwa wa jiko la mama aliyekaanga mikate miaka na miaka, na mafuta yake yameingia ndani. Rangi haishiki juu ya mafuta. Inakaa tu kama mgeni asiyependwa, na siku jua likipiga sana inainuka na kwenda zake. Ukuta wa namna hiyo unauosha kwa majivu na maji ya moto, unauacha ukauke kabisa, unapiga msasa, ndipo unafungua kopo. Nyinyi mlifungua kopo kwanza kwa sababu mwenye duka alikuwa amesimama nyuma yenu.

Mimi hayo nilifundishwa na kapita Feruzi. Ndiye aliyekuwa mkubwa wa wapaka rangi kwenye bandari ya ziwa wakati wa vita ile ya kwanza, ya Wabelgiji na Wadachi. Alikuwa mfupi, hana haraka, na kabla ya kupaka alikuwa akinusa chuma kama mtu anayechagua samaki. Siku moja aliniita.

"Saidi, nusa hapa. Iko harufu gani?"

"Harufu ya chuma, kapita."

"Ya chuma, eh? Iko harufu ya mawese. Mupishi alipita hapa na sahani yake. Osha yote."

Niliosha ubavu mzima wa meli, na mpishi akanicheka mpaka akakohoa. Tangu siku ile sijawahi kupaka rangi kabla ya kunusa. Watu wa Kasongo walidhani nina wazimu, wananiona nimebandika pua kwenye ukuta wa posta.

Sasa nirudi nyuma. Bula Matari, serikali ya Wabelgiji, walitukamata hapa Kasongo, vijana wenye mabega, wakatupitisha njia ya Kabambare na mizigo ya vyuma vya meli kichwani mpaka ziwani. Mnaijua njia ile, leo malori yanapita. Pale Kabambare walituongezea vijana waliotoka vijiji vya upande wa Wamaza, na mmoja wao aliitwa Juma. Mama yake alikuwa amemfuata mpaka hapo kwa miguu. Askari walimwambia mama arudi, naye hakubishana nao hata kidogo. Alishika pembe ya kitambaa chekundu alichojifunga mwanawe shingoni, akaipiga fundo, akalikaza kwa meno.

"Hii fundo usiifungue," alimwambia. "Ni mimi niliifunga, na ni mimi nitaifungua siku utarudia."

Juma aliona haya mbele yetu. Tulimtania njia nzima, tunamwita mbuzi aliyefungwa kamba na mama yake. Lakini hakulifungua.

Ziwani tulipewa meli ndogo yenye mzinga mbele. Mimi niliwekwa juu, kwenye kamba, nanga na makopo ya rangi, maana meli ya vita inapakwa kila mara, leo kijivu, kesho kijivu kingine. Juma aliwekwa chini kuchochea moto. Kule chini joto linakausha mpaka mate. Akipanda juu kupumzika alifua kitambaa chake kwenye ndoo na kukianika kwenye ukingo wa nyuma, kile chuma ambacho watu hukishika wasianguke majini. Afisa wetu alikuwa akipiga kelele kwamba hii ni meli ya vita, si uwanja wa dobi. Juma anakitoa, afisa akigeuka, anakianika tena. Kila mtu alikuwa na kitu chake pale nyuma: mpishi alitundika sufuria yake nyeusi, na mshika usukani, mzee mmoja wa Kabambare, aliacha viatu vyake vya ngozi ya mbuzi kwa sababu hakupenda kushika usukani na viatu.

Asubuhi moja kombora la Wadachi lilipiga nyuma, palepale. Mimi nilikuwa mbele na nanga. Sitawaeleza sana. Nilitolewa majini na mtumbwi wa wavuvi. Juma, mpishi na mzee wa usukani hawakutolewa na mtu yeyote, wala maji hayakuwarudisha pwani. Afisa alikuwa nchi kavu siku hiyo, na baadaye alipewa nishani kwa ajili ya meli ile. Mimi nilipewa blanketi.

Wakati wa kurudi nilipita Wamaza kumwambia Mama Juma, kwa sababu Bula Matari hawakumtuma mtu. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza kaburi liko wapi. Nikamwambia hakuna kaburi, mama, ni maji. Akasema, "Maji haina mlango. Nitamusalimia wapi?" Alinipa ndizi za njiani, nikaondoka nazo nikiona aibu ya kuwa mzima.

Baada ya vita tulihamishiwa Lualaba, mimi na kapita Feruzi, kwenye meli za kupanda na kushuka mto. Huko ndiko nilikoanza kuchora picha. Kapteni mmoja aliniona nimechora meli yake kwa makaa juu ya ubao wa sanduku, akanipa kipande cha turubai na mabaki ya rangi. Nilichora wiki nzima. Alipoiona alicheka mpaka akakaa chini. Moshi wangu ulikuwa unaelekea kushoto na bendera inapepea kulia. "Saidi," akasema, "masuwa yako iko na pepo mbili. Iko na shetani?" Tangu siku hiyo, vijana, kabla ya kuchora chochote juu ya maji ninalowesha kidole na kuamua upepo unatoka wapi. Upepo ukishaamuliwa, umeamua kila kitu: moshi, bendera, mawimbi, mpaka namna mtu wa nchi kavu anavyoshika kofia yake.

Jambo jingine. Maji si ya buluu. Nawaona mnachora samaki kwenye kibao cha hoteli, maji buluu kama nguo ya shule. Lualaba ina rangi ya chai iliyosahauliwa kikombeni. Ziwa ni la kijani asubuhi na jeusi likikasirika. Buluu hutumiwa na mtu ambaye hajawahi kuogopa maji.

Wazungu walizipenda picha zangu, na sababu yao sikuijua kwa muda mrefu. Ndani ya picha zangu hamkuwa na watu. Mimi ni mtoto wa chuo cha Kurani, na mwalimu wangu alitufundisha kwamba mchora sura ya kiumbe ataambiwa siku ya mwisho: haya, itie roho. Roho sina. Kwa hiyo meli zangu zilikwenda zenyewe, bila mtu juu. Kumbe wazungu waliona ni safi namna hiyo. Meli inakwenda, kuni zinawaka, na hakuna mtu mweusi anayetoka jasho popote. Nilipolielewa hilo niliacha kuchora msimu mzima, nikapaka mabati tu.

Aliyenirudisha ni Feruzi. Alikuwa amezeeka, macho yanamtoka machozi kwa ajili ya tarpentini. "Kama dini inakukataza mutu," alisema, "chora kitu yake. Mutu akienda, kitu yake inabakia na yeye ndani." Nilidhani ni maneno ya uzee. Alikufa kabla sijayafanyia kazi.

Kisha akaja mtawala wa wilaya, Bwana Teritware, ambaye mji ulimwita Polepole kwa sababu alipokasirika alizidi kuongea taratibu. Alijenga ofisi mpya ya matofali, na alitaka ukutani picha kubwa ya meli yetu ya vita, kwani mkubwa fulani alikuwa anakuja kuifungua ofisi. Chini yake lingewekwa bamba la shaba lenye jina la afisa yule wa nishani. Aliniita mimi kwa kuwa nilikuwa nimebaki peke yangu niliyeijua meli.

Nilichora. Nilinusa turubai, nikalipaka tabaka la chini mara mbili, nikaamua upepo. Nilipofika sehemu ya nyuma ya meli, mkono ulikataa kuuacha ule ukingo mtupu. Nikaanika kitambaa chekundu cha Juma, na pembeni nikaweka fundo, dogo, lakini mtu anayelijua ataliona. Nikatundika sufuria nyeusi. Nikaweka viatu vya ngozi ya mbuzi vimeelekeana, kama mzee yule alivyoviacha. Polepole aliitazama kwa umbali, akasema ni safi, akanipa mkono wake uliovaa glavu.

Nilimtumia Mama Juma habari kwa mtu aliyekuwa anakwenda Wamaza. Alikuja, sasa mwanamke mzee, mgongo umeinama. Picha ilionekana kupitia dirisha la baraza, hakukuwa na haja ya kuingia. Alisimama, akatafuta kwa macho, mimi simwambii kitu. Nilimwona alipolifikia fundo. Akainua kiganja chake akakiweka juu ya kioo.

"Yambo, baba yangu," alimwambia kitambaa. "Uko salama?"

Halafu alinigeukia. "Hakufungua."

"Hakufungua, mama."

Hakurudi Wamaza. Aliwaachia ndugu zake mashamba ya muhogo, akahamia kwa binti wa dada yake hapa mjini. Kila Ijumaa baada ya sala alikwenda dirishani, anamsalimu mwanawe, anamwambia habari za nyumbani, nani ameoa, mvua iko namna gani. Nimefanya kazi na rangi maisha yangu yote na hiyo ndiyo mara moja tu nilipoona ina faida kwa mtu.

Hapa ndipo tulipokosea, na kosa lenyewe lilikuwa la mapenzi. Hatukuweza kunyamaza. Jamaa za mzee wa usukani walisikia, wakaja kutoka Kabambare kuona viatu. Watoto wa mpishi wakaja. Wakaja hata watu waliofiwa na wabebaji mizigo njiani, hawana kitu chochote ndani ya picha, wanaomba waonyeshwe chuma kipi kilibebwa na baba yao. Ijumaa baraza lilijaa kanzu na khanga. Walisoma Fatiha dirishani, sauti ya chini, kwa adabu, mikono imeinuliwa, mbele ya ofisi ya Bula Matari. Sisi Waislamu wa Kasongo tulikuwa tunatazamwa kwa jicho baya tangu zamani. Kwao watu watatu wakisema amina pamoja ni chama cha siri.

Polisi alimwuliza Mama Juma wanafanya nini pale. Naye, kwa kuwa hakuwa na la kuficha, alimweleza yote vizuri, mpaka kitambaa, mpaka fundo.

Polepole akaniita. Alikuwa anaongea taratibu sana.

"Saidi. Hii iko biro, nyumba ya kazi. Haiko makaburi."

"Ndiyo, Bwana."

"Masuwa ya vita haiko kamba ya kukausha nguo. Utatoa ile machafu yote. Weye ukikataa, nitaita mufungwa na kisu, atakwangua."

Nyinyi vijana mnapenda kuniuliza kwa nini sikukataa. Siku moja mmoja wenu alisema angempiga kofi. Haya, ungempiga. Ungelala chini mbele ya bendera, fimbo ya ngozi ya kiboko ingekutembelea, na mfungwa angekwangua kitambaa cha Juma mpaka kwenye nyuzi za turubai. Kilichokwanguliwa hakirudi. Kilichofunikwa kinaweza kurudi. Nikamwambia, "Nitafunika, Bwana."

Nilifunga mlango wa ofisi kutoka ndani. Nilikuwa nimekuja na mawese kwenye kichupa cha dawa. Nikayapaka kwa kidole juu ya kitambaa, juu ya sufuria, juu ya viatu, membamba, yasing'ae, nikayafuta kidogo kwa kiganja. Halafu juu yake nikapaka kijivu cha meli na kijani cha ziwa, vizuri kabisa. Kazi nzuri. Kila alichonikanya Feruzi nilikifanya kwa makusudi, na nilisikia kama ananiangalia. Polepole alipoingia aliona ukingo mtupu, akaitikia kwa kichwa, ameridhika. Hakunusa.

Mama Juma alikuja Ijumaa, akatafuta, akakosa. Alibaki pale mpaka wenzake wamekwisha kuondoka. Nilimfuata nikamweleza kwa sauti ya chini, mbali na polisi, mambo ya mafuta na rangi.

"Ngojea, mama. Jua litaifanya kazi. Atatokea."

"Itakawia?"

"Itakawia. Lakini atatokea."

"Mimi najua kungojea," alisema. "Tangu Kabambare niko nangojea."

Akaendelea kuja. Polisi hakuwa na sababu ya kumfukuza bikizee mmoja anayepumzika kwenye baraza. Misimu ya mvua ikapita, misimu ya jua ikapita. Mimi kila nilipopita nilichungulia kama mwizi. Halafu kiangazi kimoja kikali nililiona: lengelenge dogo, kama tone la maziwa, mahali pa pembe ya kitambaa. Chini yake palikuwa na fundo. Nilikimbia mimi, mzee mzima, mpaka kwa Mama Juma. Aliliona. Macho yake yalikuwa yameanza ukungu lakini aliliona. Alicheka. Sikuwa nimewahi kumsikia akicheka.

Kabla ya Ijumaa nyingine muda wa Polepole ukaisha, akaitwa kwao. Wazungu wakienda kwao huchukua vitu: pembe, vinyago, ngozi za chui. Yeye alichukua picha. Hakumwuliza mtu, angemwuliza nani? Waliitia ndani ya sanduku la mbao, na misumari nilisikia inapigwa mpaka nyumbani kwangu.

Tulikwenda, mimi na Mama Juma. Sanduku lilikuwa limekwisha kupakiwa kwenye lori. Polepole alikuwa amekaa mbele, amevaa kofia nyeupe. Mama alimshika dereva mkono, kijana wa hapa hapa mjini.

"Baba, munamupeleka wapi?"

"Nani, mama?"

"Mutoto yangu. Iko ndani ya ile sanduku."

Dereva aliniangalia mimi, kama watu wanavyomwangalia anayemwongoza kichaa. "Mama, hii ni mizigo ya Bwana. Tunapita Kabambare, tunaenda ziwani, huko itapanda masuwa."

Aliposikia Kabambare aliuachia mkono. Hakulia. Lori likaondoka, naye akalifuata kwa miguu mpaka nyumba za mwisho za mji, mimi nyuma yake. Pale akasimama katikati ya barabara.

"Saidi," aliniambia, "ni ile njia yake tu. Na leo sikumufungia hata fundo."

Alikufa kabla ya masika. Tulimzika hapa, kaburi zuri, lina mlango.

Sasa mnaniambia bendera inakaribia kubadilishwa, wazungu wataondoka, kila kitu kitarudi mikononi mwetu. Inshallah. Mimi sikatai, pigeni ngoma. Ila msiniambie kila kitu. Nimeshaona wazungu wanavyoondoka.

Basi mmepata jibu lenu. Osheni ukuta kwa majivu, pigeni msasa, nuseni. Na mkiwa mnafanya hivyo, mjue kwamba yule Bwana ana nyumba mahali fulani kwao, na picha iko ukutani. Rangi yangu ya juu imekwisha kubanduka. Hilo sihitaji kuambiwa na mtu, ni kazi yangu, naijua. Kitambaa kimetoka chote sasa, chekundu, na fundo lake pembeni. Pengine mke wake anakiona akipita na chai, anasema ni uchafu, watafute mtu wa kusafisha. Huko hakuna hata mmoja wa kukiambia yambo.